Upande wa Mlangoni

Picha yangu ilikaa juu ya ngazi za nyumba yetu pale Haarlem kwa miaka thelathini na mitano, na miaka yote hiyo sikuwahi kupita chini yake bila kuinua macho. Sisemi hivyo kwa majivuno. Uso wangu naujua, na hata nilipokuwa na miaka kumi na tisa haukuwa uso wa kumsimamisha mtu njiani. Niliinua macho kwa sababu chini ya picha ile, pembeni kulia, kuna sahihi ya Evert Balck. Evert Balck alikuwa baba yangu, mchoraji aliyeheshimiwa kuliko wote mjini, na hakuwa mtu wa kumtazama mtoto wake mara mbili.

Baba alichora mameya na wake zao. Alichora wenye viwanda vya bia na mbwa wao, na mbwa mmoja alimchora mara nne. Mimi alinichora mara moja, basi mara moja hiyo nikaishi nayo. Mama alifariki. Kaka yangu Lubbert akahamia Amsterdam kuwa mwanasheria mwenye kola pana kuliko mabega. Nikabaki mimi na mzee, nampikia uji wa shayiri, namsagia rangi mpaka vidole vikapinda, na siku nzima ikiisha maneno aliyoniambia ningeweza kuyashika kiganjani. Jioni nilipopanda zile ngazi kwenda kulala nilikuwa najiambia kwamba zamani, asubuhi tatu mfululizo, mtu huyu alinitazama hasa.

Alifariki mwezi wa pili, barafu ikiwa bado kwenye mifereji. Wosia wake haukufika hata ukurasa. Kila picha aliyoichora kwa mkono wake iende kwa Lubbert. Nyumba, vyombo, na picha za wanafunzi zilizobaki humo, zibaki kwangu. Nadhani alijiona ametenda haki, maana Lubbert ana ukumbi mrefu wenye kuta tupu na mimi nina jiko.

Mambo yalikuwa wazi kabisa. Kama Baba ndiye aliyenichora, picha inaondoka na Lubbert. Kama si yeye, inabaki juu ya ngazi. Na katika nyumba ile nzima hapakuwa na kitu kingine nilichokitaka kibaki.

Mtu wa nje atauliza kwani sahihi haitoshi. Haitoshi. Katika nyumba ya mchoraji mkubwa mwanafunzi hana jina. Anaingia akiwa hajaota ndevu, anaosha brashi, anafundishwa kuchora mapazia na mikono ya watu, baadaye anachora picha nzima, na chochote anachokichora chini ya dari ya mwalimu ni mali ya mwalimu. Mwalimu akiridhika nacho anakigusa hapa na pale, anaweka jina lake, kinatoka. Wala si udanganyifu, ndivyo chama chetu cha wachoraji kilivyoandika na kila mnunuzi anajua. Lakini mwanafunzi akienda kusema kwenye kilabu cha bia kwamba ile niliichora mimi, kesho yake mzigo wake uko nje. Baba aliwafukuza wawili kwa kosa hilo, na mmoja aliondoka akilia kama mtoto.

Kwa hiyo mwalimu akifa, na wosia ukasema "kwa mkono wangu", chama hutuma wakaguzi wawili kuja kutenganisha. Nao humwita mtu wa nyumba aliyeiona kazi ikifanyika, anaapa, anasema. Kwetu mtu huyo nilikuwa mimi, maana hapakubaki mwingine.

Nikaamua nitaapa uongo.

Mimi, niliyekaa kila Jumapili chini ya mahubiri ya saa mbili na miguu imeganda, nilikaa jikoni wiki nzima nikijifunza kusema mbele ya Mungu na chama kwamba Evert Balck hakunichora. Nilihitaji jina la mwanafunzi, na jina lilikuja bila kutafutwa. Wybrand Hessels. Ndiye aliyekuwapo mwaka ule, mkono wake ulikuwa mzuri kiasi cha kuaminika, na alikuwa ameondoka zamani kurudi kwao Kampen, hivyo asingetokea kunikanusha. Ilikuwapo sababu nyingine ya kumkumbuka yeye upesi hivyo, na sababu hiyo hainipendezi.

Ilianza na mke wa meya. Bibi huyo alitaka kuchorwa na kola yake mpya ya lesi, ila hakutaka kukaa kwenye baridi ya karakana yetu, basi akaileta kola peke yake kwenye sanduku. Hilo lilikuwa jambo la kawaida. Mwenye uso anafuatwa kwake kwa saa moja, nguo zake anavaa mtu wa nyumba hata kwa siku nyingi. Baba akaniambia nivae, nikae, nisipumue sana. Nikakaa asubuhi tatu. Baada ya wiki kadhaa zikatoka picha mbili, moja ya mke wa meya, uso wake na kola yake, na nyingine yangu mimi, uso wangu na kola ileile. Ya kwanza ikapelekwa kwa mwenyewe. Ya pili Baba aliitia sahihi akaitundika juu ya ngazi. Sikumuuliza kitu, kwetu watu hawakuulizana. Wageni walipoulizia alijibu, "Aleida huyo," akapita zake.

Majira yaleyale, Wybrand alinikuta chini ya ngazi nimebeba ndoo ya majivu. Alikuwa kijana mrefu mwenye mikono mikubwa, msemaji mbaya. Kwa miaka minne alikuwa ananipandishia kuni bila kuombwa, nami nilidhani anapenda kazi.

"Aleida," akasema, "mimi bado sina kitu. Lakini mwakani nitapeleka kazi yangu kwenye chama, nitakuwa fundi kamili. Utaningoja?"

Nilicheka. Nilikuwa na miaka kumi na tisa na wiki mbili tu za kuning'inia ukutani, na kichwa kilikuwa kimenivimba. Nikanyoosha kidole juu.

"Umemwona yule? Baba yangu amekaa asubuhi tatu akinitazama mimi. Haya, wewe Wybrand, umewahi kunifanyia nini?"

Aliinua uso akaitazama picha. Akaitazama kwa muda mrefu, masikio yakiwa mekundu. Akafungua mdomo, kisha Baba akakohoa kule karakanani naye akageuka kuutazama mlango. Alipogeuka tena mdomo ulikuwa umefungwa.

"Hakuna," akasema, akanipokea ndoo, akaenda kuimwaga.

Kabla ya Pentekoste aliomba ruhusa akaondoka bila kumaliza miaka yake. Wakati huo sikuumia. Niliumia baadaye, hasa Jumapili, niliporudi kanisani nikakuta nyumba inanukia mafuta ya kitani na hakuna sauti ila ile ya brashi ya Baba. Wengine walinitaka, wawili, wakaacha. Na mimi nilikuwa na picha yangu.

Wakaguzi walikuja Jumanne asubuhi, Lubbert akiwa nao kutoka kwenye boti ya kwanza. Mkubwa wao, Bwana Nanning Coster, alikuwa mzee mwenye masharubu meupe na ulimi usio na hatamu, aliyefanya kazi ya kuchora katika miji mingi kabla ya kutulia Haarlem. Mwenzake, Floris Teeling, alikuwa kijana wa koti jipya, na kila picha aliyoonyeshwa alikimbilia pembeni kutafuta sahihi. Niliwapa bia ya moto na mkate wa jibini. Lubbert hakukaa. Alikuwa ameshapima ukumbi wake, anajua kila msumari utakapoingia.

"Dada, usituchoshe," akaniambia. "Ya Baba sema ya Baba, ya wanafunzi sema ya wanafunzi, tuwahi boti ya mchana."

Mwanzoni kazi ilikwenda vizuri. Mikono yote iliyopita mle ndani naijua. Joris alipaka rangi nzito kama anayesiriba ukuta. Yule mfupi wa Delft hakuweza kuchora masikio, hivyo kila mtu wake alivaa kofia. Baba hakuwa na subira na brashi, na penye rangi mbichi alitumia dole gumba, kwa hiyo ukiinamisha ubao wa picha yake kwenye mwanga unaliona dole lile mahali fulani, mistari yake yote. Nikasema, wakaandika.

Tulikwama kwenye picha ya mzee mwenye kilemba. Teeling alishaipeleka upande wa Lubbert.

"Sahihi hii hapa," akasema.

"Sahihi ni ya Baba," nikasema. "Picha ni ya Joris."

Coster akataka kujua nimejuaje, kwa kuwa rangi ilikuwa nyembamba na kazi ni nzuri. Nikamwambia akae kwenye kiti cha katikati, kile cha anayechorwa, aelekeze uso mbele. Nikamweleza kwamba karakana yetu ina madirisha upande mmoja tu, wa kaskazini, na kwamba Baba alikalia benchi la dirishani siku zote, hata akiwa na homa. Wanafunzi walikalia benchi la mlangoni, kwenye upepo. Nikampeleka Teeling akae dirishani.

"Unamwonaje Bwana Coster?"

"Uso wote una mwanga."

Nikamhamishia benchi la mlangoni.

"Sasa nusu ya uso imeingia kizani," akasema, akaitazama tena picha ya mzee mwenye kilemba. Nusu ya uso wa mzee yule ilikuwa nyeusi mpaka kwenye pua.

Coster alicheka mpaka bia ikamwagika kwenye masharubu. "Miaka thelathini tunagombana juu ya brashi," akasema, "kumbe jibu liko kwenye makalio ya mchoraji."

Kuanzia hapo hawakunibishia tena. Nikisema, Teeling anaandika. Nami nikaona uongo wangu umepata njia iliyofagiliwa.

Lubbert mwenyewe ndiye aliyepanda kuishusha picha yangu. Aliileta ameikumbatia kwa mikono miwili, kwa uangalifu ambao sikuutegemea kwake, akaiweka kwenye egemeo la kuchorea katikati ya karakana.

"Hii haina ubishi," akasema. "Nitaitundika mlangoni kabisa. Watoto wangu wamjue shangazi yao alivyokuwa."

Teeling aliinama, akaiona sahihi, akatikisa kichwa kukubali. Akainamisha ubao kidogo kwenye mwanga akasema tena kwamba dole gumba la Mwalimu hili hapa, kwenye lesi. Lilikuwapo kweli. Coster akanigeukia.

"Bi Aleida?"

Nilikuwa nimejiandaa. Nilipanga nisogee, nionyeshe mikono iliyochorwa kwa woga, niseme hapa mwanafunzi alishindwa, kisha nitaje jina. Basi nikasogea kutafuta kasoro. Kwa miaka thelathini na mitano nilikuwa nimeitazama picha ile kutoka chini, kwenye giza la ngazi, ambako mtu huona kola nyeupe na uso na jina. Lakini kusema kweli ngazi ni kisingizio. Kitu kinachokushikilia usianguke hukikagui.

Upande mmoja wa uso wangu ulikuwa kizani. Kivuli kilianzia sikioni, kikashuka shavuni, kikafika puani. Nilikitazama kivuli kile, kisha nikatazama dirisha, kisha mlango, na bado akili ilikuwa inakataa kutembea.

Halafu nikayaona macho. Wageni walikuwa wakisema siku zote kwamba msichana wa kwenye picha anaonekana kama anamsubiri mtu, nami nilikuwa najibu kwamba nilichoka kukaa nikatazama nje. Macho yale hayamtazami anayeyachora. Yanampita, yanaelekea upande wa dirishani, chini kidogo, kimo cha mtu aliyekaa kwenye benchi. Kidevu kimeinuka, midomo haijafunga sawasawa. Ni uso wa mtu anayengoja kuambiwa neno.

Nilikuwa namtazama Baba.

Nikakumbuka zile asubuhi zilivyokuwa, siyo nilivyozipanga kichwani baadaye. Baba alikuwa nyuma ya ubao mkubwa wa mke wa meya, na nilichokiona kwake kilikuwa kiwiko. Alikuwa anachora kola. Katika asubuhi tatu alinisemesha mara moja: "Shusha bega, lesi inakunjika." Sentensi hiyo niliitunza miaka yote kana kwamba ilinihusu mimi. Na wakati wote huo, upande wa pili, kwenye upepo wa mlango, kulikuwa na mtu mwingine na ubao wake, ambaye sikugeuza shingo hata mara moja kumwona. Huyo ndiye aliyekuwa ananitazama. Alinitazama nikimtazama mwingine, akakichora kile alichokiona bila kukipunguza wala kukicheka.

Baba aliikuta imekwisha, akarekebisha lesi kwa dole gumba, akaweka jina.

"Bi Aleida," akasema tena Coster. "Ya Mwalimu, au siyo?"

"Ni ya mlangoni," nikasema.

Lubbert akashusha pumzi. "Aleida, jamani. Kama unaitaka si useme tu unaitaka."

"Naitaka. Lakini tazama kivuli."

Lubbert ni mwanasheria wa watu, ila amekulia mle ndani, sakafu ile ameifagia. Alitazama kivuli. Akatazama dirisha, akafuata macho ya picha mpaka kwenye benchi la Baba, akasimama hapo kidogo. Aliponirudia uso wake ulikuwa umebadilika.

"Pole, dada," akasema.

Kaka yangu hakuwa amenipa pole hata siku ya mazishi. Nilitamani angeendelea kunibishia.

Coster alikuwa ameusogelea ubao mpaka masharubu yanakaribia kugusa rangi. Aliukagua uso polepole, paji, pua, kivuli kile, midomo. "Angalia," akasema, "lesi ameigusa, uso hakuugusa hata kidogo. Na Mwalimu Evert, ninavyosikia, hakuna mwanafunzi ambaye hakumrekebisha pua. Labda aliona hapa hapana cha kurekebisha."

"Labda," nikasema. "Au hakuutazama."

Teeling akauliza jina la mwanafunzi, kwa sababu likijulikana lazima liandikwe. Jina lile nilikuwa nimelirudia jikoni wiki nzima kama uongo, nikipika nalo, nikiosha nalo vyombo, na lilitoka kirahisi kabisa. Sasa lilipokuwa kweli halikutaka kutoka.

"Wybrand Hessels," nikasema. "Wa Kampen."

Teeling alifungua orodha ya mafundi wa miji, akapitisha kidole. Hayumo, akasema, huyu hakuwahi kuwa fundi. Lakini Coster alikuwa ameshaweka kikombe chini.

"Hessels mrefu? Mwenye mikono kama majembe?"

"Ndiye."

"Tulipanga nyumba moja kule Kampen, baridi mbili nzima. Alikuwa anachora mabango ya maduka. Kiatu kwa fundi viatu, ng'ombe kwa muuza maziwa. Ng'ombe wazuri sana. Tukimwambia apeleke kazi kwenye chama anasema ameshazoea mabango." Akapangusa masharubu. "Alikufa mwaka wa tauni, miaka mitano imepita."

Kwa miaka mitano nilikuwa nakasirika naye siku za Jumapili, kwamba yuko mahali fulani na hanikumbuki, na miaka mitano hiyo hakuwapo popote. Nikauliza kama aliacha mke. Coster akasema hakuoa. Nikauliza kama aliwahi kuitaja picha hii.

"Hata siku moja. Yule hakuwa mtu wa kutaja." Akachukua tena kikombe chake. "Niliwahi kumuuliza, tumekunywa, kama katika maisha yake amefanya kazi moja anayoiona nzuri. Akaniambia ipo moja. Nikamwambia basi nionyeshe. Akasema iko kwenye nyumba ya watu."

Hapo nililia, mbele ya wanaume watatu, mmoja wao akiwa na kalamu mkononi. Sikujificha. Lubbert aliniletea kitambaa cha kufutia brashi, kwa kuwa ndicho kilichokuwa karibu, nikajipaka rangi ya buluu usoni, na hakuna aliyeniambia mpaka walipoondoka.

Kisha ikabidi niape. Niliinua mkono, nikasema kwamba kwa ninavyojua mimi, niliyekuwapo, picha hii haikuchorwa kwa mkono wa Evert Balck bali kwa mkono wa mwanafunzi wake, Wybrand Hessels. Ni maneno yaleyale niliyoyatunga, hapakupungua hata moja. Teeling akayaandika, akapulizia wino ukauke. Nadhani ni mara ya kwanza chama chochote kuandika jina lake, na ya mwisho.

Waliondoka kwa boti ya mchana na mbao za Baba zimefungwa kwa majani makavu. Lubbert alitaka kunirudishia picha juu ya ngazi kabla ya kwenda, nikamwambia aiache palepale ilipo. Akaniambia nije Amsterdam wakati wa kiangazi, nikaone watoto. Nikasema tutaona. Tulijua wote kwamba sitakwenda.

Nilipofunga mlango nyumba ilinyamaza. Kuta za karakana zilikuwa na alama nyeupe pale mbao zilipotolewa. Nilichukua kile kiti cha katikati nikakiweka mahali pake hasa, pale sakafu ilipolika, nikaisimamisha picha juu ya kiti pale nilipokuwa nimekaa mimi, macho ya picha yakielekea dirishani kama siku ile. Halafu nikaenda kukaa kwenye benchi la mlangoni. Katika miaka yangu yote ndani ya nyumba ile sikuwa nimelikalia. Ni baya. Upepo unaingia chini ya mlango unakupanda mgongoni, na mtu aliyekaa pale asubuhi tatu mwezi wa kwanza lazima vidole vilikuwa vinamuuma.

Nilimuuliza amewahi kunifanyia nini. Jibu lilikuwa limetundikwa juu ya kichwa changu. Alilitazama, na neno moja tu lingetosha, na kwa neno hilo angetupwa nje usiku uleule, naye akaogopa, au akanionea huruma kunivunjia furaha yangu. Sijui ni lipi, na wa kumuuliza hayupo.

Nilikaa pale mpaka miguu ikafa ganzi, nikimngoja yule msichana ageuze shingo kidogo tu, upande wa mlangoni. Wybrand alimngoja asubuhi tatu. Mimi nilimngoja mchana kutwa, na hakugeuka.